Mlango wa Karatasi

Kwanza niliwaonyesha mbu.
Ndiyo kazi yangu, Wizara ya Afya:
mbu mkubwa kama mbuzi kwenye shuka jeupe
lililotundikwa ukutani, ua wa Ngome,
na watoto wa Langoni wakampigia makofi.
Kisha wakasema, tia nyingine.

Nilikuwa nayo. Mjapani wa mashine ya barafu
alipoondoka Lamu aliniachia mikebe minne,
akajigusa kifua kwa kidole, hakusema neno.
Picha ya kale, kabla ya vita vyao, haina sauti.
Maandishi hutokea katikati, meupe gizani,
yamesimama wima kama nyama ya mshikaki,
na mji mzima hakuna awezaye kuyasoma.

Ndipo wanawake wa nyuma wakaita: Somoe!
Bi Somoe asome!
Dada yangu, mzoefu wa tenzi za matangani,
akasogea mbele, akavua miwani,
akaanza.

Mwanamke anatengeneza miavuli.
Anapaka karatasi mafuta, anaianika uani.
Kijana wa benki amehamishiwa mji wa mbali.
Baba mtu amepiga muhuri barua fulani,
ya deni au ya posa, sikupata kujua.
Sasa ni usiku, mvua, kijana yuko nje ya mlango,
yeye yuko ndani, wanaonana vivuli tu.

"Mbona hafungui?" kitoto kimoja kikauliza.
"Si karatasi ule?"

Watu wakacheka. Somoe hakucheka.
Maandishi yakatokea, mistari miwili,
naye akayasoma hivi:

    Mlango ni karatasi,
    wapasuka kwa upesi,
    nenda, sina wasiwasi,
    nina mwana wa kulea.

    Ndia yako iwe njema,
    usirudi tena nyuma,
    mato yangu yakizima
    ni moshi umeenea.

Kimya. Mashine yangu tu ikisaga.
Bi Mwanatumu akajifuta uso kwa pindo la leso.

Lakini mimi picha ile nimeitazama mara tatu,
peke yangu, zahanati, madirisha nimefunga.
Hamna mwana mle.
Hamna mtoto hata wa jirani.

Nikahesabu, kiganja juu ya bati la taa linalochoma.
Mama alikufa nina miaka sita,
Somoe kumi na tisa.
Kofia moja ya viua, miezi mitatu ya sindano.
Kofia mbili, karo ya muhula mmoja Mombasa.
Na Shekuwe, fundi wa makubadhi kutoka Siyu,
aliyekuwa akija kila Ijumaa kupima mguu
ambao haukuwa umekua tangu Ijumaa iliyopita,
akaacha kuja. Nilikuwa darasa la tatu. Nilifurahi:
alikuwa akikalia mkeka wangu.

Jozi aliyoileta mwisho iko bado juu ya kabati,
ukanda wa kijani, imefungwa gazeti
lenye habari za waziri aliyekwisha kufa.
Siku moja niliomba nimpe binti wa Zena, harusini.
Somoe akasema, haitamtosha.
Hakuuliza mguu wa binti ni nambari gani.

Treni ikaondoka na moshi wake.
Mwanamke akabaki na mwavuli, hakuufungua,
mvua ikamnyea.
Mkanda ukaisha, ncha ikipigapiga kwenye gurudumu,
shuka likawa jeupe tena
na mbu wa kweli, mdogo, akapita juu yake.

Tulirudi Mkomani, mimi na mikebe, yeye na kurunzi.
Nikamwuliza, dada, maneno yale umeyajuaje?
Akasema, si yameandikwa? Wewe huyaoni?
Nikatafuta la kusema. Nikataja bei ya betri.
"Angalia hapo, pana maji," akasema,
akanishika mkono,
mimi, bwana wa Wizara, miaka thelathini na mmoja,
akanivusha mfereji.